Kiwambo Kinachoendeshwa kwa Umeme: Mambo ya Kupima Kabla ya Kuachana na Mashine ya Kupumulia

Kifaa cha kuchochea kiwambo kwa umeme hakimpi mgonjwa pumzi. Kazi yake ni kupeleka amri, na amri hiyo haina maana pasipo neva hai ya kuipokea na msuli wenye nguvu ya kuitii. Tofauti hii, ambayo ni rahisi kupotea katika maelezo ya wauzaji, ndiyo inayoamua kama mgonjwa anayeishi kwa mashine ya kupumulia ataachana nayo kwa saa kadhaa, kwa siku nzima, au hataachana nayo kabisa. Kwa hiyo familia inayoanza kwa kuuliza bei na nchi ya kwenda imeanzia mwisho; swali la kwanza ni la neva, nalo hujibiwa kwa vipimo kabla hata shilingi moja ya mchango haijakusanywa.

Kiwambo ni msuli mpana wenye umbo la kuba unaotenganisha kifua na tumbo. Kinapojikaza hushuka, kifua kikapanuka na hewa ikaingia mapafuni. Kinapolegea hupanda, na hewa ikatoka. Amri ya kujikaza huanzia katika shina la ubongo, ikateremka ndani ya ugwe wa mgongo, yaani ile kamba ya neva inayopita katikati ya pingili za uti wa mgongo, hadi shingoni, ambako seli za neva zilizo katika ngazi ya tatu, ya nne na ya tano huipokea na kuipitisha katika neva mbili ziitwazo za freniki, moja ya kulia na nyingine ya kushoto, zinazoshuka kifuani kandokando ya moyo mpaka kwenye kiwambo chenyewe. Njia hii inafaa ieleweke vizuri, kwa sababu pale ilipokatikia ndipo lilipo jibu.

Mtu aliyeanguka kutoka juu ya mnazi au aliyerushwa na pikipiki, akavunjika shingo katika pingili ya kwanza au ya pili, hupoteza pumzi kwa kuwa amri imekatwa juu ya seli za freniki, lakini seli hizo, neva zake na msuli vinaweza kuwa vimebaki vizima: hali yake ni ya nyumba ambayo nyaya na taa zake hazina hitilafu, ila imekatiwa umeme kwenye nguzo. Huyo ndiye aliyebuniwa kifaa. Aliyeumia katika ngazi ya tatu hadi ya tano yuko mahali pengine kabisa, kwa sababu jeraha linaweza kuwa limeua seli zenyewe, na neva iliyopoteza seli zake hunyauka urefu wake wote, hivyo umeme utakaopelekwa hapo utakuta waya ulioungua. Kati ya wawili hao wako wale ambao jeraha limegusa baadhi tu ya seli, au upande mmoja tu, nao hawawezi kuainishwa kwa kutazama picha ya mifupa. Aliyeumia chini ya ngazi ya tano kwa kawaida hurudia kupumua mwenyewe hata kama miguu imepooza, na hana haja na kifaa hiki.

Lipo kundi dogo la watoto wanaozaliwa na ubongo usiokumbuka kupumua wanapolala, kwa sababu ya hitilafu katika jeni iitwayo PHOX2B, ambayo uhusiano wake na ugonjwa huo ulitambuliwa mwaka 2003. Wengi wao hucheza na kusoma mchana kama watoto wengine, na hatari huja usiku. Wachache huhitaji msaada saa zote. Kwa hao wachache hasa, kifaa kinachobebeka mfukoni kina thamani kubwa, kwani humwezesha mtoto kutembea mchana bila kufungwa kwenye mashine, kisha usiku akarudi kwenye mashine ili kiwambo chake kipumzike.

Pumu, makovu ya kifua kikuu, na mapafu yaliyoharibiwa na moshi wa sigara au wa jikoni havimo katika habari hii, kwa kuwa hapo amri inafika na kiwambo kinafanya kazi, na shida iko ndani ya mapafu. Vivyo hivyo magonjwa ya kurithi yanayokula msuli wenyewe: msuli usio na nyuzi hauwezi kuchochewa.

Ugonjwa wa ALS, ambao huua polepole neva zinazoendesha misuli mpaka mgonjwa anashindwa kumeza, kusema na hatimaye kupumua, unastahili maelezo marefu zaidi, kwa sababu hapo ndipo matumaini yalipotangulia ushahidi. Nchini Marekani mamlaka ya chakula na dawa, FDA, iliruhusu mwaka 2008 kifaa kiitwacho NeuRx kitumike kwa majeruhi wa uti wa mgongo, na mwaka 2011 ikaruhusu kitumike kwa baadhi ya wagonjwa wa ALS. Ruhusa hizo zilikuwa za aina maalumu inayotolewa kwa vifaa vya magonjwa adimu, ambayo humtaka mtengenezaji aonyeshe usalama na uwezekano wa faida, bila kumdai ushahidi kamili wa kwamba kifaa kinasaidia. Ushahidi ulipotafutwa ulikuja kinyume. Katika utafiti wa Uingereza uliochapishwa mwaka 2015, wagonjwa 74 wa ALS waligawanywa kwa kura: nusu walipata barakoa ya mashine ya kupumulia peke yake, na nusu wakapata barakoa pamoja na kifaa. Waliowekewa kifaa waliishi muda wa kati wa miezi 11, na wasiowekewa miezi 22.5. Utafiti wa Ufaransa uliochapishwa mwaka uliofuata nao ulisimamishwa kabla ya wakati kwa sababu vifo vilikuwa vingi zaidi upande wa waliochochewa. Kwa hiyo familia yenye mgonjwa wa ALS inayoambiwa kwamba kifaa "kimeidhinishwa Marekani" imeambiwa jambo la kweli lisilotosha, na ina haki ya kumtaka daktari aeleze, kwa kutaja tafiti hizi mbili, kwa nini anaamini mgonjwa wake atakuwa tofauti. Daktari asiyezijua si wa kukabidhiwa uamuzi huo.

Kwa aliyeumia shingo, upimaji huanza kwa kuichochea neva ya freniki kupitia ngozi ya shingo kwa umeme mdogo, huku elektrodi zilizobandikwa chini ya mbavu zikisoma kama kiwambo kimeitikia na kwa kuchelewa kiasi gani. Hufuata kipimo cha kuona kwa macho, ama kwa ultrasaundi ama kwa eksirei ya mfululizo inayoonyesha mwendo, ambapo daktari huangalia kama kuba la kiwambo linashuka neva inapochochewa. Majibu ya kulia na ya kushoto yaandikwe kila moja peke yake, kwa sababu upande mmoja ukiwa mzima na mwingine umekufa matarajio hubadilika, na familia isikubali kupewa neno la jumla kwamba "neva iko vizuri". Inafaa pia kujulikana kwamba kipimo cha kupitia ngozi kinaweza kukosea, hasa kwa mgonjwa mnene, aliyefungwa kola ya shingo, au aliyekaa muda mrefu kwenye mashine hata msuli ukadhoofu. Kwa sababu hiyo baadhi ya wapasuaji hukubali jibu la mwisho pale tu wanapokigusa kiwambo chenyewe kwa kifaa cha kuchochea wakati wa upasuaji. Hali hiyo ielezwe mapema, ili mgonjwa ajue kwamba anaweza kuamka akiwa na matundu ya upasuaji na asiwe na kifaa.

Wakati nao ni sehemu ya kipimo. Baadhi ya majeruhi hurudiwa na uwezo wa kupumua katika miezi ya mwanzo, uvimbe wa ugwe unapopungua, na desturi ya zamani ilikuwa kusubiri miezi mingi kabla ya kupandikiza. Siku hizi wapo wapasuaji wanaopendelea kuwahi, kwa hoja kwamba kiwambo kisichotumika hunyong'onyea haraka na kwamba mashine yenyewe huleta nimonia. Hoja zote mbili zina uzito, na anayelazimishwa kuchagua katika wiki ya pili, ndugu wakiwa bado wanalia ukumbini, anaharakishwa bila sababu. Kitu kimoja kisichosubiri ni picha ya MRI: kwa vifaa vingi vya aina hii, mgonjwa akishapandikizwa hawezi tena kuingizwa katika mashine hiyo ya sumaku, kwa hiyo picha zote za shingo na ubongo zikamilike kabla.

Wazo lenyewe si geni. Katika karne ya 19 tabibu wa Ufaransa, Guillaume Duchenne, alionyesha kwamba umeme unaopitishwa juu ya neva ya freniki hukikaza kiwambo, na katika miaka ya 1960 mpasuaji William Glenn wa Chuo Kikuu cha Yale akatengeneza kifaa cha kupandikizwa ambacho mgonjwa angeweza kuishi nacho. Umaarufu ulikuja mwaka 2003, pale mwigizaji Christopher Reeve, aliyekuwa amepooza tangu alipoanguka kutoka kwenye farasi mwaka 1995, alipopandikizwa mjini Cleveland kifaa kilichoendelezwa na kundi la mpasuaji Raymond Onders pamoja na wahandisi wa Chuo Kikuu cha Case Western Reserve. Reeve aliweza kukaa nje ya mashine kwa vipindi, akarudiwa na uwezo wa kunusa, na akafariki mwaka 2004 kwa sababu nyingine. Hata mtu mwenye fedha na wataalamu wa kila namna, basi, hakutupa mashine yake siku ya kwanza.

Mistari hiyo miwili ya ubunifu imezaa aina mbili za vifaa, na tofauti yake huonekana zaidi nyumbani kuliko hospitalini. Katika aina iliyotokana na kazi ya Glenn, elektrodi huwekwa juu ya neva ya freniki yenyewe, shingoni au kifuani, na huunganishwa na kipokezi kidogo kinachofichwa chini ya ngozi. Hakuna waya unaotoka nje. Nje kuna kisanduku cha betri chenye antena mbili za mviringo, na kila antena hubandikwa kwa plasta juu ya kipokezi chake ili ipeleke mawimbi ya redio kupitia ngozi. Muuguzaji, yaani ndugu anayemhudumia mgonjwa nyumbani, hana budi kujua kwamba antena ikiteleza usiku kwa jasho, upande ule wa kiwambo hunyamaza. Ndiyo maana mahali pa kuibandika huwekewa alama, ngozi hukaushwa kabla ya plasta mpya, na waya wake hulazwa pale ambapo shuka haliwezi kuuvuta mgonjwa anapogeuzwa.

Katika aina ya pili, ile ya Cleveland, mpasuaji huingia tumboni kwa matundu madogo na kamera, upasuaji uitwao laparoskopia, akatafuta kwa umeme mahali ambapo neva inaingia katika msuli, kisha akachomeka elektrodi mbili kila upande. Nyaya zake nyembamba kama uzi wa kushonea hupitishwa chini ya ngozi na kutokea kifuani au tumboni, pamoja na waya wa tano wa kukamilisha mzunguko wa umeme, na zote huishia kwenye plagi inayochomekwa katika kisanduku cha nje. Neva haiguswi, jambo ambalo ni faida kubwa, kwani neva iliyojeruhiwa na upasuaji haina akiba. Gharama yake ni lile tundu la kudumu la ngozi: husafishwa na kukaguliwa kila siku kama kunatoka maji au usaha, nyaya hufungwa kitanzi na kubandikwa ili mvuto usifike ngozini, na mgonjwa haogelei. Nyaya zinaweza kukatika, na ikitokea hivyo sharti awepo mtu wa kuzitengeneza. Katika upasuaji huu hewa ya tumboni wakati mwingine hupenya kifuani, hivyo eksirei ya kifua baada ya upasuaji isikosekane.

Siku ya kuwasha kifaa huwavunja moyo wasioandaliwa. Kiwambo kilicholala miezi au miaka hakiwezi kufanya kazi mchana kutwa, kama mguu uliotoka kwenye plasta ya gipsi usivyoweza kupanda mlima, kwa hiyo mazoezi huanza kwa vipindi vifupi, pengine dakika 10 au 15, kisha mgonjwa hurudishwa kwenye mashine, na vipindi huongezwa taratibu kwa wiki na miezi. Muuguzaji hukaa kando akitazama mambo matatu: namba ya oksimita, yaani kile kibanio cha kidoleni kinachosoma oksijeni, kina cha pumzi, kinachopimwa kwa kifaa kinachounganishwa kooni, na uso wa mgonjwa mwenyewe. Pumzi zinapoanza kuwa fupi, mgonjwa anapotanua pua au anaposema amechoka, kipindi kimekwisha, hata kama ratiba inasema zimebaki dakika tano. Kiwambo kilichochoshwa kupita kiasi hurudi nyuma, na pupa ya familia ni adui wa mazoezi haya kuliko udhaifu wa msuli.

Mkao nao hubadilisha pumzi kwa kiasi kinachowashangaza wengi. Mtu mzima wa afya hupumua vizuri zaidi akikaa, lakini aliyepooza misuli ya tumbo hupumua vizuri zaidi akilala chali, kwa sababu akiketishwa matumbo huteremka mbele, kiwambo kikashuka pamoja nayo kabla ya kuchochewa, na kinapoamriwa kujikaza hakina tena nafasi ya kwenda. Dawa yake ni rahisi na haina umeme: mshipi mpana wa kufunga tumbo, unaofungwa mgonjwa akiwa bado amelala na kabla ya kuinuliwa kwenye kiti, uanzie chini ya mbavu bila kuzibana. Mgonjwa aliyezoezwa kitandani peke yake, kisha akawekwa kitini bila mshipi siku ya kurudi nyumbani, anaweza kuonekana kana kwamba kifaa kimeharibika.

Yapo mambo ambayo kifaa hakifanyi. Hakikohoi. Makohozi ya aliyepooza bado yatahitaji kunyonywa kwa mashine, au kusaidiwa kwa mikono inayosukuma tumbo kwa kufuatana na pumzi. Hakihisi haja: kwa sehemu kubwa kinatoa pumzi kwa idadi iliyopangwa, na mgonjwa akipata homa au akichangamka hakiongezi kasi. Na hakifungui koo. Katika mwili mzima, ubongo hukaza misuli ya koo kufumba na kufumbua kabla ya kiwambo kushuka, ili njia ya hewa isifyonzwe ikajifunga. Kifaa kinakiamrisha kiwambo tu, hivyo usingizini koo linaweza kujiziba kila pumzi inapovutwa. Kwa sababu hiyo trakeostomi, yaani tundu la kupumulia lililotobolewa kooni, mara nyingi huachwa, hasa kwa watoto. Mchana huweza kufunikwa au kuwekewa vali ya kusemea, inayoruhusu hewa iingie kwa tundu na itoke kwa kinywa ili sauti itoke, na usiku likaachwa wazi. Anayeahidi kwamba tundu litazibwa mara tu baada ya upasuaji anaahidi kisichokuwa mkononi mwake.

Kwa anayefaa, faida ni kubwa kiasi cha kustahili taabu hii yote. Mashine husukuma hewa ndani kwa nguvu, ilhali kiwambo kinachoshuka huivuta, kama ilivyo kwa kila mtu. Maambukizi ya kifua hupungua, usemi huwa mwepesi, na hewa inayopita puani hurudisha harufu ya kahawa, ya mvua na ya chakula kinachopikwa. Mgonjwa hutoka na kisanduku kidogo badala ya mashine inayovuma, na mahali ambapo umeme hukatika mara kwa mara, betri si jambo dogo. Hata hivyo mashine ya kunyonya makohozi inataka umeme, na mashine ya kupumulia ya akiba vilevile, kwa hiyo inveta au jenereta ibaki katika hesabu.

Msomaji wa Afrika Mashariki anayefikiria kumpeleka mgonjwa ng'ambo ayatenganishe malipo katika mafungu: vipimo, upasuaji na kifaa, kisha wiki au miezi ya mazoezi karibu na hospitali pamoja na malazi ya wauguzaji wawili, na mwisho vipuri vya miaka ijayo, yaani betri, nyaya, antena au kisanduku cha pili. Fungu la tatu na la nne ndiyo yanayosahaulika katika vikao vya harambee. Kabla ya kulipa, familia ipate kwa maandishi jina la daktari wa nyumbani aliyekubali kushirikiana na hospitali ya ng'ambo, jinsi mipangilio itakavyorekebishwa mgonjwa akiwa mbali, na muda unaochukua kuletewa kipuri. Na mgonjwa aulizwe mwenyewe. Aliyepooza kuanzia shingoni ana akili yake timamu, anaweza kujibu kwa midomo au kwa kupepesa macho, na ni ajabu jinsi kikao cha ukoo kinavyoweza kumaliza saa mbili juu ya mwili wake bila mtu kuinuka kwenda kitandani kumwuliza.

Nyumbani, mfuko wa kupumulia wa mkono usitoke kamwe kando ya mgonjwa, na kila anayelala chumba kimoja naye aweze kuuunganisha kwenye tundu la koo gizani, kwa kuwa baadhi ya visanduku hivi haviwezi kugundua kwamba pumzi haifiki mapafuni ingawa betri ina chaji na taa inawaka. Oksimita yenye kengele ndiyo inayogundua. Pamoja na mfuko huo iwepo karatasi iliyofunikwa kwa plastiki, imeandikwa jina la kifaa, idadi ya pumzi kwa dakika, saa za kuchochewa na saa za mashine, simu ya mpasuaji, na katazo la MRI na la tiba ya joto la umeme inayotumika katika fiziotherapia, ambayo huweza kuunguza tishu palipo na elektrodi. Karatasi hiyo inaandikwa kwa ajili ya mtu mmoja tu: muuguzi wa zamu ya usiku katika hospitali iliyo karibu, ambaye atampokea mgonjwa mwenye waya unaotoka kifuani na ambaye, kwa uwezekano mkubwa, hajawahi kuona kifaa kama hicho.